Mjane Aliyetutangulia Mahakamani

Bwana asifiwe, kanisa! Watu wa Mugutha na wageni wetu kutoka Thika, Bwana asifiwe tena!

Ndugu zangu, mimi huwa sisimami hapa mbele. Leo nimeandika ndiyo nisiogope katikati.

Baba yangu alifanya kazi kiwandani Thika mpaka alipofariki. Siku alipoajiriwa alipewa fomu ya mfuko wa uzeeni, aseme akifa haki yake ipewe nani. Alikuwa hajaoa, akaandika jina la mdogo wake. Baadaye alimwoa mama kwa ruracio, mahari yetu ya Kikuyu, bila cheti. Mama alimwomba akabadilishe ile fomu. Baba akacheka, "Mama Wambui, mbuzi zilifika kwa babako. Unataka fomu gani ingine?"

Ndugu zangu, mbuzi hazikujulikana ofisini! Baada ya mazishi, wadhamini wa mfuko walisema haki ni ya baba mdogo. Mama alimfuata dukani kwake Kimbo, mimi nikiwa nyuma yake.

"Shemeji, watoto wa ndugu yako wamefukuzwa shule kwa kukosa karo."

"Kwani hiyo fomu niliandika mimi?"

"Hukuandika. Lakini siku ya ruracio nyama ulikula!"

Wateja walicheka. Baba mdogo hakucheka, na hakubadilisha nia.

Mama akaamua kwenda mahakamani. Nilimwambia tuache. Niliogopa mahakama, na nilikuwa nimemkasirikia Mungu. Mama alikataa. Wakili mmoja, muumini mwenzetu, akajitolea kutusaidia.

Siku ya kesi, wakili wa baba mdogo alitoa uamuzi wa zamani ambapo ndugu aliyeandikwa kwenye fomu alipewa kila kitu. Nikajua tumekwisha! Wakili wetu naye akatoa uamuzi mwingine, wa mjane aliyeolewa kimila kama mama.

Jaji alichukua muda kuzilinganisha kesi hizo. Hukumu ilipofika, alisema yule ndugu wa kesi ya kwanza alikuwa mgonjwa, akilishwa na marehemu. Baba mdogo ana duka lake. Katika kesi ya mjane, mahakama ilisema fomu ni mwongozo tu, wadhamini lazima wachunguze kwanza nani walimtegemea marehemu. Akasema yetu inafanana na hiyo. Akawaamuru wadhamini waanze uchunguzi upya.

Walikuja mpaka kwetu. Waliuliza majirani, wakauliza shuleni. Mwezi huu wamemkubali mama na sisi watoto. Wadogo zangu wamerudi darasani. Mungu ni mwema!

Lakini kuna jambo linanirudia kila siku. Wakili alituambia yule mjane alishindwa mara ya kwanza, akakata rufaa. Hakutujua. Pengine naye alikuwa na binti mwoga aliyemwambia, "Mama, tuache." Angemsikiliza, jaji wetu angesoma nini siku ile? Mungu alianza kutujibu kupitia kwake kabla hatujaomba.

Namshukuru Bwana, na mama ambaye hakunisikiliza. Kama uko hapa na umechoka kudai haki yako, mtumaini Yesu na usirudi nyuma. Kuna familia hujaijua bado, itapita pale ulipopita wewe.

Na huyo mjane, popote alipo, Mungu amtunze. Kanisa, nisaidieni kumwambia amina.