Sukre mbili njiani kwenda Goma

Ndugu zangu, asifiwe Yeye aliyetuamsha sisi sote asubuhi hii! Mimi ni Nabintu, binti wa mtaa wa Nguba, Bukavu. Wengi mnanijua, lakini hamjui namna Mungu alivyonivusha ziwa.

Ilikuwa wakati wa vita, na mimi nina miaka kumi na tisa. Papa alikuwa amekufa. Askari waliingia nyumba kwa nyumba wakitafuta wasichana. Maman alinificha juu ya plafond, darini chini ya mabati, nikashinda huko nikisikiliza mvua na buti zikipita. Woga uliniingia mpaka kwenye mifupa! Mwishowe maman akasema, “Mutoto yangu, uende kwa tante yako Goma. Huku batakumaliza.” Akanipandisha boti.

Siku ile naiona mpaka leo kama ndoto. Ziwa lilikuwa jeupe, ukungu umelala juu ya maji, usijue maji yanaishia wapi na mbingu inaanzia wapi. Milima ya Idjwi ilipita polepole, kana kwamba yenyewe ndiyo inayosafiri na sisi tumesimama. Nikakaa karibu na buvette, mahali ambapo Maman Yvonne aliuza vinywaji. Ukutani palikuwa pameandikwa kwa rangi kwamba mwenye chini ya miaka ishirini na mmoja hapewi pombe. Nchi kavu, kumi na nane ilitosha. Lakini mtoto wa mwenye boti alilewa safarini, akaanguka majini, hakuonekana tena. Tangu hapo baba yake akaweka sheria yake mwenyewe.

Basi, askari mmoja akaja kuketi mbele yangu, bunduki magotini, kofia imefunika macho.

“Maman, leta bière mbili! Moja ya miye, moja ya huyu bibi yangu.” Kisha akaniinamia. “Utakunywa na miye. Tukifika Goma tunashuka pamoja.”

Ndugu zangu, watu wote waligeuka wakatazama maji. Nilimwona maman wangu machoni, nikaona na plafond ile, nikajua nimekwisha. Nikasema moyoni: Yesu, nisaidie. Sala yangu yote ilikuwa hiyo!

Maman Yvonne akaja na kitambaa, bila chupa. Akapanguza meza taratibu. Akaniuliza, “Uko na miaka ngapi?”

“Dix-neuf, kumi na tisa,” nikajibu.

“Afande, huyu hapana kunywa pombe humu. Sheria iko pale.”

Askari akapiga meza. “Sheria gani? Miye ndiye sheria!”

Yule mama hakurudi nyuma. Alimtazama muda mrefu, kama mtu anayemtazama mtoto mwenye homa. Akamuuliza kwa upole, “Na weye, papa? Uko na miaka ngapi?”

Askari akavua kofia. Ndugu zangu! Chini ya kofia palikuwa na uso wa kijana ambaye hata ndevu hajaota.

“Sijue muzuri,” akasema. “Labda dix-huit, kumi na nane. Banilikamata nikiwa mutoto kwetu Luberizi, ndani ya mashamba ya mupunga, bakaniingiza mu jeshi.”

“Basi, bote mbili muko batoto yangu. Nitawaletea sukre.”

Akaweka mbele yetu sukre mbili, soda za baridi, akakaa nasi. Yule kijana akanywa polepole, akaanza kutusimulia ndege wa Luberizi, namna alivyowafukuza wasile mpunga, namna mama yake alivyomwita kula. Sauti yake ikazidi kuwa ndogo. Jua likapasua ukungu, ziwa lote likang’aa, naye akalaza kichwa mezani akasinzia. Nikabaki nikimtazama. Woga ulinitoka mikononi kwanza, kisha miguuni.

Tulipofika Goma akaamka, akatutazama kama asiyejua yuko wapi. Akaniambia, “Dada, uende muzuri. Uniombee. Naitwa Byamungu.” Akashuka peke yake.

Sitawadanganya kwamba woga wote uliisha siku ile. Kwa tante niliruka kitandani kila mlango ulipogongwa. Lakini siku moja nikiosha vyombo nikajikuta ninaimba, tante akasimama mlangoni akilia. Na vita vilipotulia nilirudi Bukavu, nikamkuta maman wangu mzima. Haleluya!

Kuna wanaoniambia, “Ni sheria ya boti tu iliyokuokoa.” Ndiyo! Na mama yule alipata wapi nguvu ya kuisema mbele ya bunduki? Namshukuru Mungu aliyempa kinywa.

Wewe unayeogopa leo, usingoje mpaka upate sala nzuri. Mwite hivyo ulivyo. Mimi nilikuwa na maneno mawili, akasikia. Na Byamungu, popote alipo, kama angali hai au amelala, Bwana amkumbuke. Semeni pamoja nami, ndugu zangu: amkumbuke!