Mzee Kuramitsu, Aliyeuawa Mara Mia Mbili na Kumi na Nne

Marehemu baba yetu, mzee Kuramitsu Tetsuzo, alizaliwa tarehe 14 Februari 1938 mjini Maizuru, mtoto wa tatu wa fundi mapipa, akasoma hapo hapo hadi mwaka 1953, na kwa kuwa hesabu hazikumpenda wala yeye hakuzipenda, alikwenda Kyoto, akapata kazi ya kubeba taa katika studio ya filamu kule Uzumasa.

Mwaka 1959 mwongozaji mmoja alimtazama, akamwambia, "Wewe, weka taa chini, sura hiyo ni ya kuuawa," na tangu siku hiyo, kwa miaka hamsini na miwili, aliuawa katika filamu mia mbili na kumi na nne, kwa risasi, kwa kisu, mara moja kwa ngazi, daima akiwa mtu wa pili kushoto kwa mkubwa wa genge, na jina lake likipita mwishoni, watazamaji wakiwa wameshavaa makoti.

Tarehe 3 Mei 1966 alimwoa marehemu mama yetu, Sawako, na tarehe 9 Septemba 1969 wakajaliwa mtoto wao mmoja, Nobue, anayewasomea historia hii.

Oktoba 1978, siku ya michezo shuleni, baba alitoka kazini mbio kwenda kumshangilia bintiye, akasahau kubandua kovu la bandia la gundi shavuni, na wazazi wengine, wakidhani ni jambazi wa kweli, wakakunja mikeka yao, wakahamia mbali. Binti akamwambia, "Baba, usije tena shuleni kwetu," naye akajibu, "Sawa, mwanangu." Hakuja tena, hata kwenye mahafali, na binti aliona aibu kulifuta neno lile kwa miaka arobaini.

Aprili 2018 baba aligundulika kuwa na ugonjwa wa mapafu. Oktoba, Nobue, ambaye sasa ni mwalimu mkuu, alimwendea, akamwambia, "Baba, keshokutwa tuna michezo shuleni kwangu. Njoo."

"Nije na sura gani?"

"Hiyo hiyo, Baba."

Akaja. Watoto, waliosikia kazi yake, wakamwelekezea vijiti vya mbio za kupokezana kama bastola, wakimtaka afe, naye akawafia taratibu, ameshikilia mlingoti wa bendera, kisha akainuka akacheka, kama waigizaji wa studio yake walivyozoea baada ya kila kifo ili kuondoa mkosi, na hapo ndipo ilipopigwa picha hii mnayoiona mbele yenu.

Alifariki asubuhi ya Jumanne, tarehe 12 Machi 2019, bintiye akiwa kando yake.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani waliomletea uji wa mchele kila siku, na wenzake wa kazini, hasa wale waliomuua, ambao leo wamekaa safu ya nyuma na wanalia kuliko sisi.

Baba, nilikuita, lakini sikukuomba radhi. Leo nakuomba, mbele ya watu wote. Lala kwa amani.