Alfa Si Samaki

Mheshimiwa mgeni rasmi, nilipanga kuanza na cheo chako, lakini itabidi nianze na suruali yako. Wote mmeona. Sasa hivi tu, meneja akiwa bado anatafuta jina langu kwenye karatasi, binti yangu wa miaka miwili na nusu ameteremka mapajani kwa bibi yake, amepita chini ya meza kuu, ametokea upande wa pili viganja vimejaa utomvu, amekushika magoti yote mawili ili asimame, kisha amekutazama usoni akasema, "Babu, umenata." Ni kweli, baba, umenata. Nakuomba jambo moja: wasikuletee maji. Maji hayautoi utomvu, yanautembeza tu. Mpishi wa mtambo atakuletea kitambaa chenye mafuta ya kupikia, usugue taratibu, utatoka. Kwa nini mafuta yaweze pale maji yaliposhindwa? Hiyo ndiyo habari niliyokuja nayo, kwa hiyo naomba tuhesabu kwamba mtoto amenifungulia hotuba.

Sasa nirudi kwenye mstari. Mheshimiwa mgeni rasmi, mkurugenzi wetu. Ndugu meneja wa kiwanda. Mzee wetu tunayekuaga leo, pamoja na mama uliyempokea mlangoni miaka thelathini na moja akinuka msonobari. Ndugu wagema mlioshuka kutoka msituni mkiwa na utomvu mpaka kwenye nyusi. Wapishi wa mtambo, akina mama wa upakiaji, madereva, walinzi, na ninyi watoto mliokaa juu ya mapipa, mnaambiwa mshuke na hamshuki: itifaki nimejitahidi kuizingatia, na pale nilipoteleza nisameheni, maana kipaza sauti nakishika leo kwa mara ya kwanza.

Nimesimama kumuaga Mzee Pua. Mgeni rasmi, usishtuke, hatumtukani. Anaitwa Pua kwa sababu hajawahi kupima pipa kwa chombo kabla hajalipima kwa pua. Anafungua kifuniko, anafumba macho, anavuta, anasema, "Mm." Kuna "Mm" ya pipa zuri na kuna "Mm" ya mtu atakayeitwa ofisini. Wapishi wa mtambo wanazijua zote mbili, na waliowahi kuisikia ile ya pili nawaona wanacheka kwa chini.

Na mimi naitwa Mama Samaki. Jina hilo nalo nitalieleza, maana bila hilo hamtaelewa kwa nini nina ujasiri wa kusema nitakayoyasema.

Nilikuja hapa kufagia. Nimesoma mpaka kidato cha pili nikaacha. Sababu ni za nyumbani, tuziache nyumbani. Nilipewa chumba cha vipimo kwa kuwa wafagiaji wengine waliogopa chupa zake. Mwezi wa kwanza haujaisha, Mzee Pua akaona mwandiko wangu kwenye orodha ya sabuni, akasema, "Mama, mwandiko huu unapotea kwenye sabuni. Hebu ninakilie vibandiko vya mapipa." Akanipa karatasi. Nikatazama. Mbele ya neno pineni, jina la mafuta yetu, palikuwa na mchoro mdogo, mwili wa mviringo na mkia uliopasuka. Mimi nimekuwa nikichora vitu hivyo tangu utoto. Kuuliza nikaona aibu. Nikachukua kalamu nene, nikaandika kwa herufi kubwa, safi, kwenye mapipa manane: SAMAKI-PINENI.

Mapipa yakaondoka. Baada ya siku nne simu ikapigwa, na meneja, unakumbuka, ulisimama wima ukiipokea. Mnunuzi alikuwa anauliza, "Nyie watu, tumeagiza mafuta ya utomvu mmetuletea samaki? Na kama ni samaki, mbona hawanuki?"

Siku ile ningefukuzwa, na meneja ungekuwa na haki. Lakini Mzee Pua aliingia ofisini kwako bila kubisha akasema maneno ambayo nimeyashika mpaka leo: "Aliyeandika alichokiona hajakosea. Nimekosea mimi, niliyempa herufi nisimpe jina lake." Kisha akanigeukia. "Ile ni alfa, mama. Herufi ya Wagiriki. Kesho saa ya chai njoo na maswali, uache ufagio."

Ndugu zangu, ni wakubwa wangapi mnaowajua ambao mtu wa chini akikosea wao ndio wanaopiga magoti kulitafuta kosa? Mimi namjua huyu mmoja, na mnamwona amekaa pale anajifanya anafunga kamba za viatu.

Basi saa ya chai ikawa shule. Mtoto mgongoni, kikombe pembeni, na mezani vifuniko vya chupa na njiti za kiberiti. Kifuniko kikubwa ni kaboni, kidogo ni hidrojeni, njiti ni mkono wa kushikana. Akaniambia kwamba yale mafuta mepesi tunayoyakeneka, yaani tunachemsha utomvu, mvuke unapanda, unapoa na kudondoka, yana kaboni na hidrojeni tu, hakuna wa tatu. Ndiyo maana hayapatani na maji. Maji yana ukoo wao na mafuta yana ukoo wao, na utomvu uliomo kwenye goti la mgeni rasmi hautamfuata asiye wa ukoo wake. Ukoo huo wa mafuta mepesi ya utomvu unaitwa terpeni. Na jina terpeni limetoka wapi? Limetoka kwenye tapentaini. Wagema, mmesikia? Wasomi wa dunia nzima walipotafuta jina la ukoo mzima, walilichukua kwenye kikombe kinachoning'inia kwenye mti wako. Na tena wahenga walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji, lakini ninyi hata mkisifiwa mpaka jioni, hamuwezi. Mkitia maji, tapentaini itaelea juu yake na kuwachongea.

Tukaja kwenye majina, na hapo nikagombana na mzee. Alisema kila terpeni imejengwa kwa vipande vya kaboni tano tano. Vipande viwili vinaitwa mono, yaani moja. Vipande vitatu vinaitwa seskwi, yaani moja na nusu. Vinne, di, yaani mbili. Nikamwambia, "Mzee, aliyehesabu hivi alikuwa amelala. Viwili vinakuwaje kimoja?" Akacheka mpaka miwani ikadondoka. Akasema walioanza kutoa majina walizijua kwanza kaboni kumi kumi, wakaziita moja. Habari ya tano ilikuja baadaye, na majina yalikwisha kaa. Nikafikiri. Nikasema, "Aa, basi wanahesabu kama viatu! Wanahesabu jozi. Viatu viwili, jozi moja. Viatu vitatu, jozi moja na nusu." Mzee akafumba macho. Kisha, "Mm." Ile nzuri.

Na siku nyingine nilimfundisha mimi. Alikuwa ananieleza kwamba majina haya yanaishia na "eni", pineni, limoneni, mirseni, kwa sababu mahali fulani kwenye umbo lake kaboni mbili zimeshikana kwa mikono miwili badala ya mmoja. Alisema, "Hilo ukariri tu, mama, halina maelezo kwa Kiswahili." Nikamwambia, "Halina? Ukitaka watu wengi waimbe, unasemaje? Imbeni. Wacheze? Chezeni. Washikane? Shikaneni! Eni!" Mzee wa watu, mwenye vyeti vilivyojaa ukuta, akaandika kwenye daftari lake: shikaneni. Tangu siku ile hakuna mwanafunzi wa mafunzo aliyepita chumba kile akasahau. Na alfa na beta? Ni ndugu wawili, kaboni kumi na hidrojeni kumi na sita kila mmoja, hakuna aliyezidiwa hata punje. Tofauti ni mahali pa kushikana tu. Alfa wameshikana ndani ya duara. Beta, mmoja yuko kwenye duara na mwenzake amesimama nje mlangoni. Kwa tofauti hiyo tu, mmoja anachemka kwenye nyuzi mia na hamsini na kitu, mwingine anangoja zaidi ya mia na sitini, na mnunuzi wa huyu hamtaki yule.

Mheshimiwa mgeni rasmi, sasa nimefika. Tangu wiki iliyopita tunasikia kwamba Mzee Pua akiondoka, chumba cha vipimo kitafungwa, na sampuli zitakuwa zinasafirishwa kwenye maabara ya mbali, majibu yarudi baada ya wiki mbili. Nilimuuliza meneja uso kwa uso kama ni kweli. Akaniambia kwa upole, maana ni mtu mpole, "Mama Samaki, kazi unaiweza, tunaona. Lakini cheti huna." Nikamjibu, "Kweli, ndugu meneja, sina." Nikaenda zangu. Lakini jibu langu halikuwa limeisha, na leo nimepewa kipaza sauti.

Niwaulize akina mama wa upakiaji: miezi mitatu iliyopita, mikono yenu ilikuwaje? Inyosheni juu waione. Leo ni mizima. Wakati ule ilikuwa myekundu tupu, ngozi imepasuka katikati ya vidole, mmoja wenu alishindwa kumfunga mwanawe kamba ya gauni. Ilisemwa ni sabuni. Sabuni ikabadilishwa, wapi. Mzee Pua alikuwa likizo ya ugonjwa. Mimi nilimwona yule mama akimlisha mtoto kwa kutumia kiwiko kushikilia bakuli, nikajiuliza, mikono hii inagusa nini kila siku? Nikayafuata mapipa mnayochota mafuta. Mawili yalikuwa na vifuniko vilivyolegea, yamekaa dirishani penye jua tangu mvua zilipokatika. Kibandiko kilisema alfa-pineni, tena kwa mwandiko wangu. Nikafungua, nikafumba macho, nikavuta. Haikuwa ile harufu kali inayopanda mpaka kwenye paji. Ilikuwa nzito, imechacha kidogo, na mafuta yalikuwa yanajivuta kwenye ukingo wa pipa.

Nikampigia mzee kitandani kwake. "Mzee, kuna alfa hapa imevuta hewa." Akauliza, "Umejuaje?" Nikamwambia. Akasema, "Basi si alfa tena, mama. Imekwisha shika oksijeni, imezaa vitu vingine, na hivyo ndivyo vinavyokula ngozi. Kibandiko kinasema uongo. Kitoe." Nikakitoa, nikayatia mapipa alama nyekundu, nikawaambia akina mama wasiyaguse. Mzee alipopona akapima kwa chombo, akakuta vilevile. Wiki ya pili mikono ikaanza kufunga.

Nauliza bila hasira. Kama sampuli ile ingesafiri wiki mbili kwenda na majibu yakarudi kwenye bahasha, ni mikono ya nani ingekaa ikiisubiri hiyo bahasha? Jina la kitu si pambo la pipa. Mwenye kulisoma hataliona lile pipa likichacha. Anaamini tu kilichoandikwa, anaingiza mkono. Ndiyo maana mwenye kuliandika lazima awe karibu na pipa. Mimi sisemi niitwe mkemia. Mkemia ni huyu tunayemuaga, na viatu vyake, hata tukihesabu kwa jozi, vitanipwaya. Chuo cha ufundi kina masomo ya jioni, nimekwisha chukua fomu, na mama yangu amekubali kukaa na mtoto. Cheti kitakuja. Ninachoomba ni chumba kisifungwe kikingoja, na kama mtaona inafaa, ufunguo wake ukae kwangu.

Mzee Pua, baba yangu wa kazini. Umenipa herufi ukanipa na jina lake. Nenda ukapumzike, ukanuse maua kama watu wengine, na ukimwambia mama "Mm" mezani, hakikisha ni ile nzuri. Nasi tunakuahidi kwamba hakuna pipa litakalotoka kwenye geti hili likiwa limebeba jina lisilo la...

Naam, mlinzi? Sogea, sema kwa sauti, hapa hakuna siri. Lori limefika? Mapipa sita ya beta, na vibandiko havina sahihi ya mpimaji. Haya, Mzee Pua, inuka basi, kazi ya mwisho. Anakataa. Anasema yeye tangu asubuhi ni mgeni mwalikwa. Jamani, msicheke, dereva anangoja. Ndugu meneja, tufanyeje? Sikusikii, sogea kwenye kipaza sauti. Anasema, "Mwambieni dereva asubiri, mpimaji wetu anamalizia kusema." Mpimaji wetu nani, ndugu meneja? Mgeni rasmi naye anaitikia kwa kichwa. Mpimaji nani? Mimi?

Subirini, acheni makofi kidogo, kalamu yangu imo kwenye mfuko wa kubebea nepi. Hii hapa. Mheshimiwa mgeni rasmi, ndugu zangu wote, mmenitegea masikio muda mrefu na ahsanteni sana, nilikuwa na shukrani ndefu zaidi ya hizi lakini mnaona wenyewe naitwa. Dereva! Wee dereva, teremsha hilo pipa, hakuna kinachopanda kabla sijafungua nikanu...