Maisha ya Jino, Mpima Ngano

Ndugu, jamaa na majirani mliokuja kumsindikiza kaka yangu, nawaomba utulivu, na walio nje wasogee karibu wasikie, kwa sababu nimesimama hapa na karatasi mbili, moja tumeiandika wenyewe kwa mkono, nyingine imechapwa vizuri na kuletwa jana mchana na Meneja wa kampuni ya nafaka, ambaye alitueleza kwa upole kwamba tukisoma ya kwake, wifi yangu mjane ataendelea kukaa kwenye nyumba ya kampuni, na tukisoma nyingine, yeye haahidi kitu. Ya kwake niliisoma mara moja nikaenda kunawa mikono. Nitasoma ya kwetu.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Agosti 1958, mtoto wa tatu kati ya watano wa mkulima wa ngano na mkewe, wenye ekari nane ambazo siku hizo zilivunwa kwa mundu, zikapurwa kwa fimbo na kupepetwa kwa ungo, na mama alituambia kwamba uchungu ulimshika katikati ya kupepeta, na ungo hakuutua mpaka lundo lilipokwisha. Kaka ndiye aliyeniachia ziwa, mimi nikiwa mtoto wa nne, kwa hiyo ninayoyasema hapa si ya kuambiwa.

Alianza shule ya msingi Januari 1966 akamaliza 1972, akaingia sekondari, na mwaka 1974 ugonjwa wa kutu ukavamia ngano, mashuke yakawa mekundu na matupu, ukipita shambani nguo inabadilika rangi, baba akalichoma shamba lote, karo ikakosekana, na kaka akarudi nyumbani na sanduku lake la bati bila kumlaumu mtu.

Tarehe 4 Machi 1975 aliajiriwa kuwa mpagazi katika ghala la chama cha ushirika, kando ya reli, na mwaka 1979 akapandishwa cheo kuwa mpima, kazi ambayo wakati huo ilikuwa ya mdomo, yaani mkulima anashusha magunia, mpima anachoma gunia kwa bambo, kile chuma chenye mfereji, anatoa punje tatu, anazing'ata, na kwa mlio wake anajua kama ngano imekauka, ina maji, au imechanganywa na ya mwaka jana. Ndipo wakamwita Jino. Kuna mkulima alinyunyizia mzigo wake maji uongezeke uzito, kaka akang'ata mara moja tu, akamwambia arudi nyumbani akaanike ngano, na aibu yake aianike pembeni.

Tarehe 12 Desemba 1981 alifunga ndoa na mshona magunia wa ghala hilo hilo, ambaye alimweleza waziwazi kwamba haolewi na mtu mwenye makapi kwenye meno, na tangu siku hiyo kaka akawa anapiga mswaki mara tatu, wakajaliwa watoto watatu, mwalimu, fundi umeme na binti dereva wa malori, na wajukuu wanne. Ushirika ulikufa mwaka 1993, uliliwa na viongozi wake wenyewe, ambao wengine nawaona hapa na suti zao nyeusi, kampuni ikachukua ghala, na mwaka 1995 ikampa nyumba ya vyumba viwili iliyogusana na ukuta wa ghala, ambako vumbi la ngano liliingia mpaka kwenye kopo la sukari.

Sasa nafika mahali ambapo karatasi ya Meneja inasema marehemu alistaafu kwa hiari yake ili awe karibu na familia. Uongo mtupu.

Tarehe 17 Machi 2016 yaliingia malori mawili ya ngano iliyooshwa, na wasiojua naomba waelewe, mbegu ya kupanda hupakwa dawa yenye sumu na kutiwa rangi makusudi ili mtu asiile, na wenye mzigo huo walinunua mbegu iliyobaki, wakaiosha kwenye mapipa mpaka rangi ikatoka, wakaianika, wakaileta ikasagwe tule. Mashine ya kupimia ilisema imekauka vizuri. Kaka aling'ata punje tatu, akakuta ganda limelegea na ladha chungu nyuma ya ulimi, akatema, halafu akafanya kosa ambalo ni mpima tu anaweza kulifanya, akapanda juu ya malori akang'ata gunia kwa gunia, yote mia mbili na arobaini, ili asimwonee mwenye mzigo hata kwa gunia moja. Kila gunia akaliandika kwa chaki, SI CHAKULA. Kesho yake chaki ilikuwa imefutwa, ngano iko kwenye kinu cha kampuni inasagwa, na tarehe 1 Aprili akapewa barua ya kustaafu, yenye maneno kwamba nyumba ataachiwa maadamu jina la kampuni halichafuliwi, kaka akamtazama mkewe, akanyamaza miaka mitatu.

Na mimi sijitoi. Ninaoka mikate, kaka alinionya kwa siri nisiuguse unga wa kinu kile, lakini ulipofika niliunusa, nikaona hauna harufu, nikaoka siku nne kabla ya kuumwaga, na wengi wenu mmeula mkate huo. Najionea kinyaa, nawaomba radhi.

Vidonda vya ulimi vilianza Oktoba 2017, na Februari 2018 hospitali ikasema ni saratani, daktari akatuambia hawezi kuapa imetokana na nini, ila alipoelezwa kazi ya mgonjwa aliweka kalamu chini. Meno yalitolewa yote. Meneja alikuja kumwona mara moja, na mkononi ana pakiti ya biskuti ngumu. Kaka yangu alifariki nyumbani tarehe 3 Juni 2019, saa nne asubuhi, kichwa chake kikiwa kwenye mapaja ya mkewe.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia bila kuziba pua, majirani waliotuletea uji mwepesi kwa zamu bila kutumwa, na wapagazi wenzake waliokataa gari la kampuni wakalibeba jeneza mabegani mpaka hapa.

Kampuni hatuishukuru.

Najua mnajiuliza huyu mjane nimemtupa wapi kwa kusoma haya. Asubuhi nilimpa karatasi zote mbili achague mwenyewe, maana paa ni lake, si langu, nami nilikuwa tayari kuimeza ile ya uongo kwa ajili yake. Hakusoma hata moja. Alikunja godoro, akafungasha vyombo, akafagia vyumba vyote viwili, kisha akaniambia, wifi, soma sasa, wakija kunifukuza watakuta nimeshaondoka. Ufunguo huu hapa mezani, Meneja, uchukue ukitoka.

Kaka, umenyamaza vya kutosha kwa ajili yetu. Pumzika kwa amani, mkeo analala kwangu.