Mikono Iliyonyooshwa Mkutanoni

Kwenye basi, kiti cha mbele yangu, dada mmoja mshonaji alimgeukia jirani yake, fundi bomba.

"Ushirika wetu wa nyumba tuliuanzisha ili asiwepo tena mwenye nyumba wa kututupia vyombo nje. Jana mlimtupia mama yangu vyake."

"Dada, kanuni inakataza kuongeza watu chumbani. Tuliipitisha sote."

"Tuliipitisha kuwabana wanaopangisha kwa siri. Mama kawapokea wajukuu wake waliofiwa!"

"Mkutano ndio ulioamua."

"Mkutano ni watu, kaka. Wewe ulinyoosha mkono?"

Fundi akatazama dirishani, utadhani jibu limebandikwa huko nje. "Walinyoosha wote," akasema.

Basi liliposimama, akashuka mbio. Kondakta akampigia kelele kwamba kwao bado mbali, lakini hakugeuka.