Yeiyo Alikataa Kunibariki

Bwana asifiwe! Nyinyi wa kule nyuma karibu na mlango, sijawasikia. Bwana asifiwe tena! Naitwa Lemayian, wengi wenu mnanijua kwa mpira. Leo sikuja kuhubiri mpira, lakini lazima nipitie hapo ndio muone nilikotolewa.

Ndugu zangu, mpira niliocheza si huu wetu wa miguu. Ni ule wa Marekani, unaobebwa mkononi. Kazi yangu ilikuwa moja: napewa mpira, naupakata kama mtoto, nakimbia, na wanaume wakubwa kama milango wanakuja kuniangusha. Nilianzia raga ya shule hapo Kajiado, raga ikanipeleka chuo Marekani, na huko chuoni watu wa ligi kubwa wakaniona. Miaka minane nilikimbia! Watoto wa Wazungu walivaa jezi zenye jina langu mgongoni. Nikirudi nyumbani, boda boda za Kitengela zilinisindikiza kwa honi mpaka kwa geti. Na nilipenda sana, nisiwadanganye.

Sasa, mnajua sisi vijana wa Kimaasai tunavyolelewa. Siku ya kutahiriwa, hupepesi jicho. Ukipepesa, aibu ni ya boma lote. Mimi nilitulia kama jiwe, na jiwe hilo nikasafiri nalo mpaka uwanjani. Nikigongwa, nasimama. Nikiulizwa, niko sawa. Msimu wa mwisho kichwa kikaanza kuuma upande mmoja, mwanga ukawa unaniumiza macho, kikombe cha chai kinaniponyoka. Sikumwambia mtu. Hata mke wangu Naserian nilimwambia ni uchovu.

Nikaja nyumbani likizo, nayo ikaisha. Ndege ilikuwa ya kesho yake, na kanisa hili mlikuwa mmeniombea kwa kelele nirudi na ushindi. Ilibaki kumuaga mama yangu, Yeiyo, nyumbani kwetu nje ya Kajiado. Mimi na yeye hatupeani mikono, hata kama nina ndevu. Nainamisha kichwa, anaweka kiganja juu. Basi nikainama. Yeiyo akaweka mkono, taratibu kama kawaida yake. Ndugu zangu, niliruka kwa maumivu! Nilishika mlango nisianguke.

Yeiyo hakuuondoa mkono.

"Hii kichwa iko na nini?"

"Hakuna kitu, Yeiyo."

"Nimekushika hapa tangu ujue kusimama. Hujawahi kuruka."

Alikuwa na kibuyu cha maziwa ya kuninyunyizia, ya kunibariki safari. Akakifunika. Akasema habariki mtu. Mnajua maana yake? Kwetu, mtoto kuvuka bahari bila baraka ya mama, afadhali asivuke. Lakini nilikuwa na hasira! Simu inalia, wakala wangu anapiga kutoka Marekani. Binamu zangu wananiambia mama ni wa zamani, haelewi kazi. Nikaingia kwa gari, nikawasha.

Yeiyo akaja akakaa chini mbele ya gari, kwa vumbi, akanyoosha miguu. Akaanza kuomba kwa Kimaa, kwa sauti kubwa. Alikuwa anamwomba Mungu anifungie njia! Mimi mkono uko kwa gia, kichwa kinagonga. Injini inanguruma. Hakuna anayesogea.

Mwishowe akainua macho. "Twende kwa daktari. Akisema uko sawa, nitakubariki mara mbili."

Nilikubali ili anyamaze tu. Tukaja hapa Kitengela, wakanipiga picha ya kichwa. Daktari alirudi mwenyewe, hakumtuma nesi, na akafunga mlango.

"Nani alikuambia uje?"

Nikamwonyesha Yeiyo.

Akasema damu imejikusanya chini ya fuvu, inausukuma ubongo. "Ukigongwa mara moja tu, tunakuzika."

Mara moja! Na kazi yangu ilikuwa kugongwa.

Nilipasuliwa Nairobi jioni hiyo hiyo. Ndege ikaenda bila mimi, na timu ikapata mkimbiaji mwingine. Nitasema kweli, niliulilia ule mpira. Bado huwa naota nakimbia. Lakini naamka nikiwa hai, na watoto wangu nawajua kwa majina. Haleluya! Nyinyi wote mliomba nishinde. Yeiyo peke yake aliomba nizuiwe. Asante Mungu kwa kutofuata walio wengi!

Ndugu yangu uliyeketi hapo, wewe ambaye kila ukiulizwa unasema uko sawa, mimi nakujua. Unaogopa boma litaaibika. Yesu haogopi mwanaume anayelia, na daktari pia ni mtumishi wake. Mwamini leo. Njoo hapa mbele, wala usitembee kishujaa. Njoo hivyo hivyo unavyoumwa, nami nitasimama karibu nawe. Halafu fungua mdomo, umwambie Yesu ni wapi panauma.