Zamu ya Mama Katika Wimbo

Mheshimiwa Meneja wa kiwanda, waheshimiwa wakuu wa idara, mafundi wote wa chumba cha kushonea, ndugu wageni waalikwa, na wewe baba mkwe wangu, fundi wa kola, unayestaafu leo: hamjambo!

Nazungumza kwa niaba ya familia. Mniwie radhi nikirefusha, maana bi harusi mpya akishika kipaza sauti hajui kukiachia.

Ninyi mafundi mnajua kuliko mimi jinsi Baba na marehemu Mama walivyoshona wakitazamana, yeye kola, Mama mikono ya mashati, huku wakipokezana nyimbo za mapenzi za sinema za Kihindi walizozipenda tangu uchumba wao. Mmenisimulia mlivyomtania: "Fundi, hapo unamwambia nini mama?" Naye, asiyejua Kihindi hata cha kuombea maji, anajibu, "Namwomba mkasi." Na Mama hapohapo: "Mwongo huyu! Ameniahidi mwezi!"

Asubuhi yangu ya kwanza nyumbani kwao nilimsikia Baba akiimba huku ananyoa ndevu. Aliimba ubeti, akanyamaza kitambo kirefu, kisha akaendelea. Nikamnong'oneza mume wangu, "Mpenzi, Baba amesahau maneno."

Akaniambia, "Hajasahau. Hapo ni zamu ya Mama."

Ndugu zangu! Mimi niliyedhani nyimbo zile ni za kukimbizana kwenye maua na kulowa mvua tu, nilisimama koridoni na taulo mkononi, nikilia kwa raha. Ni penzi gani hili, linalomngoja mtu amalize ubeti wake hata akiwa hayupo? Nani kati yetu amewahi kupendwa hivyo?

Lakini jana Baba alitutisha. Alisema, "Nikiiacha mashine, na nyimbo naziacha hukohuko kiwandani." Baba, tafadhali usifanye hivyo! Mimi na mwanao tumeanza juzi tu, bado tunakatizana maneno mezani. Usipoimba, nani atatufundisha kungojana?

Mheshimiwa Meneja, tunakushukuru kwa kuturuhusu kuchukua kiti alichokalia Mama. Tumeshakiweka sebuleni, kinatazamana na chako, Baba. Ukifika ubeti wake, hatutaimba, wala hatutakohoa. Tutanyamaza pamoja nawe mpaka amalize.

Asanteni sana kwa kunisikiliza. Nami nakaa chini sasa, kwa sababu hapa ni zamu ya Baba.